Dada watatu, mama mmoja kitandani: nani aache kazi?

Binti_Kambini

Wakubwa shikamooni, wadogo hamjambo. Mimi hapa ni msomaji wa siku nyingi, kuandika siandikagi. Leo usingizi umekataa, nimeona niyatoe. Ni refu, mwenye haraka apite tu, sitanuna.

Kiswahili changu ni cha kambini, ngeli mnisamehe. Baba alikuwa polisi. Tulizaliwa watano, wasichana watatu na wavulana wawili, tukakulia kambi ya polisi ya Nsambya, Kampala, kwenye yale majumba duara ya bati yanayoitwa "mama ingia pole", maana ukiingia kwa kasi goti linakutana na kitanda. Jirani upande huu Mwacholi, upande ule Mteso, mbele Mlugbara. Ukimtuma mtoto akaombe chumvi kwa lugha ya nyumbani kwenu, anarudi mikono mitupu. Kwa hiyo sisi hata tukigombana leo, watu wazima na watoto wetu, tunagombana kwa Kiswahili. Baba alipostaafu tukarudi kwao Busia, mpakani na Kenya. Akajenga nyumba ya matofali, akaikalia miaka sita, akatutoka.

Mama alipata kiharusi Februari mwaka jana. Upande wa kulia wote umelala. Akili ni nzima kabisa, ila maneno yanatoka yamekunjamana, mpaka uinamishe sikio. Asiyewahi kumshika mgonjwa wa hivyo hudhani kazi ni kumlisha. Kulisha ndiko kurahisi. Kazi ni kumgeuza ili mgongo usitoboke vidonda, kubadilisha pampasi, kufua mashuka, kumnyoosha vidole vinavyotaka kujikunja kama makucha ya kuku. Na kumuogesha. Siku ya kwanza nilipomuogesha alilishika shuka kwa ule mkono mzima, akalishika kwa nguvu zote, akageuzia uso ukutani. Nikaosha nilipofikia. Hatukusemezana mpaka nikamwaga maji.

Sasa tuko hivi.

Dada Mkubwa ni mwalimu wa msingi Jinja, analea watoto wawili peke yake. Aliachana na mume wake 2013, na yale yalikuwa mambo. Ukoo wa shemeji walikuja kudai ng'ombe wao. Baba yetu, mtu aliyeogopa deni kuliko bunduki, akarudisha watatu kati ya watano na mbuzi wote, ndipo wakamwacha binti yake apumue. Tangu siku ile Dada Mkubwa hajaomba kitu nyumbani, na hakuna mwenye kifua cha kumwambia "rudi ukae na mama".

Mimi wa katikati. Nina kibanda cha kutuma na kutoa pesa kwa simu karibu na mpaka, halafu msimu wa mavuno nanunua mahindi na maharagwe nawauzia wanawake wa ng'ambo. Mume wangu alikuwa wakala wa forodha, tai shingoni, kalamu mbili mfukoni. Ilipofika 2014 nchi za Jumuiya ya Afrika Mashariki zikaanza utaratibu wa ushuru kulipwa mzigo ukiwa bado Mombasa. Malori yakawa yanapita hapa kama yanakimbizwa, na mawakala wengi wa mpakani wakabaki wanatazama vumbi. Amejaribu hili na lile. Leo mwenye kuleta pesa ni mimi, mwenye kupika, kufua na kupeleka watoto shule ni yeye. Mtaani wanasema amekaliwa. Yeye anacheka, lakini namjua, kicheko kile kinaishia kooni.

Mdogo wetu wa mwisho ni nesi Kampala, hospitali ya binafsi, zamu za usiku. Ana mchumba, kijana wa Masaka, Muganda wa kuzaliwa na kukulia, na Desemba wanakuja kwanjula, yaani kujitambulisha rasmi kwetu.

Kaka mmoja yuko kyeyo, vibarua vya ng'ambo, Dubai, anatuma akikumbuka. Wa pili ndiye mrithi, anakaa na mke wake nyumba ya nyuma, uwanja uleule wa mama. Wifi anafundisha chekechea. Alimshika mama miezi minne, kisha Juni akatuambia kwa sauti ya upole sana: "Mimi nimechoka, na mama ana mabinti watatu." Mdogo wangu alikata simu. Mimi nilisema maneno ambayo sitayaandika hapa.

Tumefanya vikao kwenye kundi letu la WhatsApp mpaka betri zinaisha. Kila mmoja ana sababu, na kila sababu ni ya kweli. Mdogo akiambiwa "wewe ndiye nesi, hii ndiyo kazi yako," anajibu, "nikimuuguza mama bure, dawa za mama nani atalipa?" Dada Mkubwa anasema likizo atakuja, muhula hawezi. Halafu macho yote yananigeukia mimi, eti niko karibu, tena nina mume nyumbani.

Na hapo ndipo panaponiuma. Mtu mwenye nafasi yupo! Ana mikono myepesi, ana subira, mtoto akiharisha usiku ndiye anayeamka. Lakini ni mkwe. Hawezi kumpa mama mkono, hawezi kukaa naye chumba kimoja. Tangu anioe, mama akimwona njiani anakata kona au anajifunika kanga. Waganda wanasema ukivunja huo mwiko unapata obuko, mwili unatetemeka mpaka kijiko hakifiki mdomoni. Kwetu hatuna hata haja ya ugonjwa, aibu peke yake inatosha.

Nimefikiria kufunga kibanda. Nikifunga tunakula nini? Nisaidieni mawazo. Nani aache kazi?

---

MzeeWaMalaba

Binti, pole sana na mama. Lakini nitasema ukweli. Mama mgonjwa mahali pake ni kwa mwanawe wa kiume, na mwenye kumshika ni mke wa mwana. Wifi yenu wakati analipiwa mahari alijua anaingia wapi. Zamani jambo hili halikuwa na mjadala. Wanaume wa ukoo wamwite, waseme naye kwa heshima.

---

Wifi_Mtu

Mzee Malaba, shikamoo, tena nakusalimia nikiwa nimepiga goti. Sasa niruhusu niamke.

Nimesoma uzi huu mara mbili. Binti_Kambini, dada yako umemwandikia aya nzima. Wewe mwenyewe aya nzima. Mdogo wako, aya na mchumba juu. Wifi umemwandikia "anafundisha chekechea", kama mtu anayepoteza muda kwa kuimba na watoto. Miezi minne ameinua mama asiye wake, na kosa lake ni kusema amechoka. Ninyi mmechoka kabla ya kuanza!

Mambo ya siku hizi mnayataka kwenu, ya zamani mnamwachia wifi. Nasema hivi kwa sababu mimi ni wifi wa watu, Mbale hapa, na mawifi zangu wote ni mabinti wa ofisini. Kila Krismasi wanaongea haki za mwanamke huku mimi naosha sahani zao.

---

Boda_Saa_Sita

Mimi mtu wa boda sina mengi. Huyo kaka mrithi, ana mikono? Nauliza tu.

---

Binti_Kambini

@Wifi_Mtu umenichoma na nimenyamaza. Nitakujibu nikitulia.

@Boda mikono anayo, banange. Saa tisa alasiri ukimtafuta, mmoja umeshika mrija wa malwa, pombe ya ulezi, na mwingine unaeleza siasa. Si mtu mbaya. Analipa umeme, alimnunulia mama godoro. Lakini ukimwambia "mgeuze mama," anakutazama kama umemwambia avae gomesi, gauni la kike.

Na nisimwonee, mama mwenyewe hataki. Anasema mwana wa kiume hawezi kuona alikotoka.

---

Wakili_wa_Mtaa

Niongeze mawili matatu, maana naona neno "mrithi" linatembea humu kwa miguu ya kifalme.

Kwanza ng'ombe wa marehemu baba yenu. Shirika la Mifumi la Tororo lilikwenda mahakamani kuhusu mahari, na Agosti 2015 Mahakama ya Juu kabisa ikaamua: kudai mahari irudishwe ili ndoa ya kimila ivunjike ni kinyume cha katiba. Mahari yenyewe haikufutwa. Baba yenu alirudisha miaka miwili kabla. Inauma, lakini mwanjula wa Desemba haujafika, kwa hiyo wajomba na baba wadogo waambiwe mapema.

Pili mrithi wa kimila. Mtu akifariki bila wosia, sheria inampa mrithi huyo asilimia 1 ya mali. Ndiyo, moja. Watoto wote, wa kike na wa kiume, wanagawana 75. Mjane alikuwa na 15, marekebisho ya 2022 yakampandisha hadi 20, na wategemezi wengine wakashuka kutoka 9 hadi 4. Na nyumba aliyoishi na mume wake haina mtu wa kumtoa. Nasema haya si ili mgombane. Nasema kwa sababu mwenye asilimia 1 mara nyingi ndiye mwenye sauti ya 99.

Tatu, Sheria ya Ajira ya 2006 inampa mzazi wa kike siku 60 za kazi akijifungua na wa kiume siku 4. Siku nne! Mwanamume anajifunza kubadilisha nepi Jumatatu, Ijumaa yuko ofisini ameshasahau. Tusishangae tukimkuta miaka hamsini baadaye hajui beseni la kuogeshea linawekwa wapi.

---

Mnubi_wa_Bombo

Assalaam alaykum. Mimi ni mstaafu wa jeshi, nimemuuguza mke wangu miaka miwili mpaka Mungu alipomchukua. Wanangu wa kike wako mbali, na mimi sikutaka mtu wa nje.

Binti, kuna kitu nesi alinifundisha, ukipeleke nyumbani. Usimvute mgonjwa kwa mkono ule uliokufa, bega litachomoka. Kunja shuka katikati liwe jembamba, lilaze chini yake kuanzia mabegani mpaka mapajani. Mmoja ashike upande huu, mwingine ule, hesabuni tatu, mgeuzeni kwa shuka. Hamgusi mwili wake kabisa, na mgongo wako hauvunjiki. Mchana kila baada ya saa mbili. Mto mmoja katikati ya magoti.

Wanaume wenzangu wa msikitini waliniuliza kama nimekosa pesa ya kuajiri. Nikawaambia pesa ninayo. Wakanyamaza, na sijui walifikiri nini.

---

Mama_Mwalimu_Jinja

Nimetumiwa uzi huu na mtu wa shuleni kwetu, akaniambia, "mwalimu, hawa si ninyi?" Ndio sisi. Mimi ndiye Dada Mkubwa. Msiogope, sijakasirika, ya ng'ombe ni kweli tupu.

Mdogo wangu, umeandika vizuri kuliko ulivyokuwa ukiandika insha. Lakini kuna mtu umemsahau. Uliandika saa saba usiku. Saa saba usiku wewe uko kwako, mtaa wa pili, mwendo wa boda. Sasa waambie wapendwa: usiku huo nani alikuwa amelala kwenye mkeka chini ya kitanda cha mama?

---

Fundi_Cherehani

Heee. Nimeweka chai pembeni.

---

Binti_Kambini

Sawa. Nitasema.

Wifi alipoacha Juni, Julai tulileta msichana. Ametoka Namayingo, ana miaka kumi na saba. Tunachanga dada watatu, tunampa laki moja na ishirini kwa mwezi, anakula na kulala hapo. Yeye ndiye anayemuogesha mama, anayemgeuza, anayefua mashuka. Mama humwita mjukuu, na yeye humwita mama "jaja", yaani bibi. Alikuwa darasa la sita shule zilipofungwa kwa korona Machi 2020. Zilipofunguliwa Januari 2022 kwao hawakuwa na pesa tena, na mdogo wake wa kiume ndiye aliyerudi.

Sikumwandika. Naapa sikuwa naficha. Nilipokuwa nahesabu watu wa kumshika mama, yeye hakunijia kichwani kama mtu wa kuhesabiwa. Nimekaa na hilo tangu dada yangu aulize.

Na ukweli wa usingizi kukataa ni huu. Siku ile jioni aliniambia mwisho wa mwezi anaondoka. Anataka kujifunza cherehani Bugiri. Nikamuuliza, "na jaja?" Akaangalia chini, akasema, "Jaja ana watoto."

---

Mkaazi_wa_Mutukula

Mimi Mtanzania, niko upande wa pili wa mpaka lakini soko letu moja. Huku kwetu msichana wa namna hiyo tunamwita "dada". Dada wa kazi. Ukifika nyumba ya mtu unasikia "dada, lete maji", ukidhani ni ndugu. Kwa hesabu yetu ninyi ni dada wanne.

Sijivuni. Wa kwetu alikaa miezi mitatu ndipo nikajua jina alilopewa na babake. Nililisoma kwenye kadi ya kliniki siku alipougua.

---

Wakili_wa_Mtaa

Umri wake uko sawa kisheria, marekebisho ya Sheria ya Watoto ya 2016 yaliweka 16. Mshahara ndio usiulize. Kima cha chini cha nchi hii kiliwekwa 1984, shilingi 6,000 kwa mwezi, na hadi leo hakijabadilishwa. Bunge lilipitisha muswada mpya 2019, rais hakuutia saini. Kwa hiyo hakuna sheria mnayoivunja, na hiyo si sifa.

---

Wifi_Mtu

Mimi sina la kumsema mtu leo. Wangu wa kazi yuko jikoni hapa amenibebea mtoto mgongoni ili mimi niandike. Nimemwambia aketi.

---

MzeeWaMalaba

Nimefuatilia kimya. Binti, nililosema mwanzo sikulifuta, mila ni mila. Lakini huyo msichana si wa ukoo, hakulipiwa ng'ombe, hakuahidi mtu kitu. Mkimpeleka kwenye cherehani mimi natoa shilingi elfu hamsini. Mniambie namba ya kutumia, ya kwako wewe, si ya yule wa malwa.

---

Nesi_wa_Usiku

Kwa kuwa familia nzima imehamia huku na mimi niingie. Niko mapumziko ya zamu, dakika kumi.

Kule WhatsApp mnaniambia mimi nina mapenzi kwa hiyo sina mzigo. Shangazi yake mchumba alinikalisha mwezi uliopita, mambo ya ssenga, shangazi wa kufunda, mnayajua. Tulipomaliza yale ya chumbani akauliza, "na usiku ukiwa hospitalini nani atampikia mume?" Nikamwambia, "yuleyule aliyempikia kabla sijamjua." Akacheka mpaka akashika ubavu. Halafu akaacha kucheka akasema, "lakini utaacha usiku, siyo?" Sikumjibu.

Nyumbani nikifika asubuhi namkuta mchumba ameshachemsha maji ya kuoga. Hajawahi kuniambia niache. Naogopa siku mahari ikishatoka atakuwa mtu mwingine, maana nimeona wagonjwa wangu wa kike wanavyolia juu ya watu waliokuwa wazuri kabla ya mwanjula. Hilo ndilo linaninyima usingizi wa mchana.

Dada zangu, msichana alipwe haki yake yote na zaidi. Mimi natoa ada ya muhula wa kwanza. Kengele inalia.

---

Boda_Saa_Sita

Natumia nguo zilizoshonwa Bugiri. Mkimaliza kumsomesha nipeni namba ya duka, si vinginevyo jamani.

---

Binti_Kambini

Nimerudi. Zimepita wiki saba. Wengi mmeniandikia kuuliza, naomba radhi kwa kukaa kimya, mlima ulikuwa mkubwa.

Msichana aliondoka tarehe thelathini kama alivyosema. Asubuhi hiyo alimuogesha jaja yake mwenyewe, akampaka mafuta miguuni, akanikabidhi funguo za kabati la mashuka kama afisa anayekabidhi ghala. Mama alilia kwa upande mmoja wa uso, ule mwingine haulii. Tulimpa mshahara na mwezi mmoja juu. Ya Mzee Malaba ilinunua mkasi mzuri, futi na kitambaa cha kujifunzia. Amenipigia simu mara mbili, na mara zote mbili ameomba kuongea na mama, si mimi.

Nilikwenda kwa wifi. Nilibeba kilo mbili za sukari na sabuni ya mche, nikakaa chini, nikamwomba msamaha kwa yale ya Juni. Nilitaraji atasema "yameisha". Akasema, "nimesikia." Basi. Nikanywa chai yake ikiwa ya moto hivyohivyo. Tulipofika mlangoni ndipo akasema jioni atamshika mama, lakini usiku hashiki tena, usiku ni wa mwenye mama. Kwa sauti, ili mtu aliyekuwa sebuleni asikie.

Kaka alikataa siku tatu. Siku ya nne mimi nilikuwa nimelala pale kwa mama, nikaamka saa nane, mgongo umekufa, nikamwita dirishani. Akaja amejifunga shuka. Nikamwonyesha ile ya mstaafu wa Bombo, shuka lililokunjwa, hesabu tatu. Mama akaanza kutikisa kichwa, hapana, hapana. Nikainamisha sikio. Alikuwa anasema: taa.

Tukazima taa.

Tukamgeuza gizani. Kaka akahesabu kwa sauti ya kambini, "moja, mbili, tatu," kama alivyokuwa akihesabu baba tukipanga mstari wa maji. Tangu hapo wamekubaliana hivyo mama na mwanawe. Saa nne usiku na saa nane usiku anaingia, anazima taa kwanza, anamgeuza na kuweka mto, anatoka. Malwa bado anakunywa. Wenzake wameanza kumwita nesi, na juzi nilimsikia akimweleza mmoja, kwa hasira, kwamba mgonjwa havutwi mkono.

Mwanjula ulifanyika. Waganda walikuja na kanzu zao na vikapu, msemaji wao anaimba Luganda, wa kwetu anajibu Kisamia, na wageni wote wakielewana kwa Kiswahili cha pembeni. Baba mdogo alipotaja ng'ombe wanane, yule msemaji alitoa kitambaa akajifuta. Kwao ni zawadi na mambo ya heshima, si zizi. Dada Mkubwa, ambaye hakutakiwa hata kusimama, akasimama. Hakuhutubia. Alisema, "Baba mdogo, watatu waliorudi 2013 ulisaidia kuwaswaga wewe mwenyewe." Uwanja ukatulia mpaka tukasikia jenereta ya jirani. Wakashuka hadi wawili, na kwenye karatasi likaandikwa neno zawadi. Nesi wetu akainua macho akamtazama mchumba, naye alikuwa anamtazama yeye. Ya kuacha zamu za usiku hayajaamuliwa. Shangazi mtu alipewa gomesi akaipokea akiwa bado anauliza.

Jogoo wa shemeji, kwa desturi ya Waganda, alikabidhiwa kaka. Sisi dada watatu tuliangaliana. Safari hii hatukusema kitu.

Dada Mkubwa alikaa likizo yote, akarudi Jinja muhula ulipofunguliwa. Mimi nafika kwa mama saa kumi na moja na nusu alfajiri, namuogesha, saa moja nafungua kibanda. Mchana ndio uliobaki na pengo, kuanzia saa tano mpaka wifi atoke chekechea. Tumepata mama mmoja mtu mzima, jirani, anakuja siku nne kwa wiki, tumeandikiana malipo na siku zake za kupumzika. Zile siku nyingine tatu ni kubahatisha.

Katika mojawapo ya hizo siku za kubahatisha nilikwama mpakani na mzigo wa maharagwe, na simu ya wifi haipatikani. Nikampigia mume wangu nikiwa karibu kulia. Akasema, "Usijali." Nikauliza utafanyaje, akakata.

Nilivyosimuliwa ni kwamba alikoroga uji, akautia kwenye chupa ya chai, akapanda boda. Alipofika hakuingia. Aliweka chupa, kikombe na kijiko juu ya kigoda kizingitini, akakisukuma kwa fimbo ndefu mpaka kilipofikia ule mkono mzima wa mama, akarudi nje akakaa kwenye gunia, mgongo ameupa mlango. Kati yao pazia. Akawasha redio. Taarifa ya habari ilipoanza akawa anaitafsiri kwa Kiswahili, kwa sauti, kama anayejisemea mwenyewe. Mama hakumjibu, maana mkwe hajibiwi. Alikaa hapo saa tatu nzima.

Jioni nilipofika nikaona kikombe kitupu, nikainama nikamuuliza mama kama amekula. Akasogeza mdomo muda mrefu, nikasogeza sikio.

"Mwambie," alisema, "uji haukuwa na ndimu."